Waliowabuni Mabwana wa Wakati

Tarehe 23 Novemba 1963, siku 17 kabla ya Zanzibar kupata uhuru kutoka kwa Waingereza, BBC ilianza kuonyesha tamthilia ya Doctor Who, ambayo shujaa wake, aitwaye Daktari, husafiri kwenda zamani na siku zijazo ndani ya kibanda cha simu cha polisi chenye rangi ya buluu. Baadaye watazamaji walielezwa kwamba huyo Daktari ni wa jamii ya Mabwana wa Wakati, viumbe wa sayari ya Gallifrey wenye mioyo miwili, ambao huweza kuingia katika mwaka wowote wautakao na ambao wakikaribia kufa hubadilika mwili na sura, kisha wakaendelea kuishi. Ninaishi Cardiff, mji wa Wales, Uingereza, ambao tamthilia hiyo ilihamia iliporudi hewani mwaka 2005, nami kwa kuwatazama viumbe hawa pamoja na wanangu nimefikia kuamini kwamba wanaieleza tofauti ya maisha ya hapa na ya kwetu Unguja kuliko mazungumzo yote ya mishahara na baridi.

Waingereza hawakuwabuni viumbe hao kutoka hewani. Hawa ndio watu ambao mstari wa Greenwich, kwenye mji wao mkuu, ulikubaliwa na mataifa mwaka 1884 kuwa mwanzo wa kuhesabia longitudo, na hivyo saa za dunia, na ndio ambao tangu mwaka 1916 sheria yao huisogeza saa mbele watu wakiwa wamelala na kuirudisha nyuma majani yanapopukutika. Mjenzi wa nyumba aliyeitwa William Willett ndiye aliyelipigia debe wazo hilo kuanzia mwaka 1907, akafa mwaka 1915 bila kuliona likitekelezwa. Sisi tunaofanya zamu ya usiku tunalijua jambo hili kwa miguu yetu, kwa kuwa katika usiku mmoja wa Jumapili ya mwisho ya Oktoba, ikishafika saa nane saa hurudishwa kuwa saa saba, na kazi ya saa ile ile hufanywa mara mbili. Mama yangu, ambaye kwake mimi huwa nyuma kwa saa mbili wakati wa kiangazi na saa tatu wakati wa baridi, huniuliza kila mwaka baada ya kuitikia shikamoo yangu: "Mmeirudisha tena? Na nani kawapa ruhusa?"

Kwetu hakuna aliyehitaji kumtungia mtu uwezo huo, kwa sababu jua lenyewe halibadiliki sana. Huzama baada kidogo ya saa kumi na mbili jioni, mwaka mzima, na adhana ya magharibi humkuta kila mtu mahali pake. Cardiff jua la Juni huzama saa tatu na nusu usiku, na la Desemba saa kumi na dakika chache, hivyo mtu huingia kazini gizani, akatoka gizani, na kuona mchana kupitia dirisha la ghala. Muda huo wote unauzwa. Kazini kwangu wakati mmoja kulikuwa na mashine ya kadi mlangoni ambayo mtu akiigusa kwa kuchelewa dakika tatu alikatwa malipo ya robo saa nzima, lakini aliyefika mapema kwa robo saa hakuongezewa chochote. Naamini tamaa ya kummiliki bwana anayeutawala wakati hutokea hapo, katika jamii ambayo mtu wa kawaida hana dakika aliyo huru kuitumia.

Sitaki kuipamba nyumbani. Mwananchi anayekwenda ofisini kufuatilia hati ya kiwanja chake akaambiwa njoo kesho, na kesho yake akaambiwa mhusika amesafiri, naye huchukuliwa umri wake, tena bila karatasi ya mshahara inayomwonyesha alichokatwa. Tofauti ninayoiona ni kwamba kule akifa jirani, mwenye duka atafunga duka lake aende mazikoni bila kuomba ruhusa, na siku za tanga hazihesabiwi kuwa hasara ya mtu yeyote. Hapa nimemzika rafiki kwa ruhusa ya nusu siku.

Sheria kuu ya Mabwana wa Wakati, kwa mujibu wa tamthilia, ni kutoingilia mambo ya watu wengine. (Mzanzibari hawezi kuisikia sheria hiyo kutoka kwa watunzi wa Kiingereza bila kutabasamu, maana tarehe 27 Agosti 1896 Sayyid Khalid bin Barghash alipewa hadi saa tatu asubuhi kuondoka kwenye kasri, na dakika chache tu baadaye mizinga ya manowari za Waingereza ikaanza kunguruma.) Daktari aliivunja sheria hiyo, na katika kisa cha mwaka 1969 wenzake wakamhukumu: walimbadilisha sura, wakamwondolea elimu ya kukiendesha chombo chake, wakamtupa duniani aishi ndani ya kipindi kimoja, bila njia ya kutoka. Adhabu hiyo ninaitambua vizuri. Anayesubiri kibali cha makazi ya kudumu Uingereza kwa njia ya kazi kwa kawaida huhesabiwa miaka, na katika kila miezi 12 hatakiwi kuwa nje ya nchi zaidi ya siku 180. Na hata hizo siku ni za kwenye karatasi tu, kwa sababu mwajiri hatoi likizo ya namna hiyo, wala nauli haipatikani kila mwaka. Ndugu wanaoziona picha zetu tukiwa mbele ya maghorofa hudhani tumefika mbali, na kwa kweli tumefungiwa karibu sana.

Watunzi walibuni ule ubadilikaji wa sura mwaka 1966 kwa sababu mwigizaji wa kwanza, William Hartnell, alikuwa amedhoofika kiafya, na ilibidi mtu mwingine achukue nafasi yake bila hadithi kukatika. Nikienda Unguja baada ya miaka mingi hukutana na jambo hilo hilo. Mpwa wangu niliyemwacha akitambaa alinipokea sanduku akiwa na ndevu, na mama alikuwa mwanamke mwingine, mfupi kuliko wangu, mwenye sauti ile ile.

Katika kisa kimoja cha mwaka 2005 Daktari anamrudisha London msichana aitwaye Rose, akidhani wameondoka kwa saa 12, kumbe imepita miezi 12, na mama yake, Jackie, amekuwa akibandika matangazo ya kumtafuta. Baada ya kumkumbatia binti yake, Jackie anamzaba kofi huyo Bwana wa Wakati. Wanangu, waliozaliwa hapa, hucheka kila wakifika kwenye kofi hilo. Mimi na mama yao tuko upande wa Jackie.