Dogo akirap hajakimbia kwao

Juzi nimebishana na mzee mmoja, mhamiaji, analalamika kijana wake usiku kucha ni kurap tu, ati kaacha ya kwao kashika ya Wamarekani. Nikamwambia mzee wangu, hiyo hip hop unayoiita ya Wamarekani, alieiasisi ni mtoto wa kuja kama huyo wako.

Huyo muasisi, DJ Kool Herc, kazaliwa Kingston, Jamaika, kaingia Bronx, New York, 1967 ana miaka 12. Tarehe 11 Agosti 1973 dadake akaandaa pati kwenye jengo walilokuwa wanaishi, Herc ndo dijei. Yale maspika makubwa na kushika maiki kuchangamsha watu katoka nayo Jamaika, ila madogo wa Bronx rege haikuwaingia, basi akawapigia funk, kina James Brown, akaona watu wanapagawa pale inapobaki midundo mitupu, akachukua santuri mbili za wimbo uleule akawa anakirefusha hichohicho kipande. Yani mitambo ya kwao, muziki wa Marekani, na hakuna aliyemlazimisha achague kimoja.

Marseille, Ufaransa, nako, Wakomoro kibao, Soprano na Alonzo wa kundi la Psy 4 de la Rime ni watoto wa familia za Kikomoro na wanarap Kifaransa. Ujerumani 1992 kundi la Advanced Chemistry, mmoja asili yake Haiti, mwingine Ghana, mwingine Italia, wakatoa ngoma kuhusu kuwa mgeni kwenye nchi yako mwenyewe, una pasi ya Kijerumani mfukoni na bado watu wanakuona wa kuja.

Hapo ndo penye uchungu jamani. Ndani unaambiwa umekuwa mzungu, nje unaambiwa rudi kwenu, shuleni mwalimu jina lako linamshinda mwaka mzima, halafu unakuta sehemu moja ambayo jina unajipa mwenyewe na kitu cha kwanza watu wanachotaka kusikia ni umetokea wapi. Utaacha kwenda? Na kurap hakuhitaji ada wala ala, ni daftari na mdomo wako. (Yale ya kujifanya jambazi wakati hujawahi hata kuiba embe siyapendi kabisa, ila sio wote.)

Mzee akanyamaza, baadae akauliza taratibu, "Kwenye hayo mashairi yake ananitaja?"

Nikamwambia baba, muombe akusomee.