Bustani za katikati ya Dodoma: zikodishwe au zibaki wazi?

Nyerere Square si eneo kubwa. Ni viwanja vya katikati ya Jiji la Dodoma, penye sanamu ya Mwalimu Julius Nyerere, na mtu aliyetoka Mpwapwa au Kondoa kufuatilia shauri lake ofisini anaweza kukaa hapo akisubiri bila kuulizwa atakunywa nini. Siku nyingine panajaa mahema. Maonesho ya Wiki ya Sheria, kwa mfano, yamewahi kufanyika hapo. Lakini ardhi ya katikati ya mji sasa ni mali, na swali linalofuata halikwepeki: maeneo kama haya yabaki wazi kwa kila mtu, au yakodishwe, yazungushiwe uzio na kutozwa kiingilio ili yajitunze yenyewe? Mimi niko upande wa kuyaacha wazi. Hata hivyo wanaotaka kiingilio wana hoja nzito, na wengi wetu tunaopenda bustani hatujawajibu sawasawa.

Kwanza tukumbuke mji huu ulikotoka. Dodoma ilikua kando ya reli ya kati, iliyojengwa enzi za Wajerumani, na kwa miaka mingi ilikuwa mji mdogo wa stesheni, maduka na ofisi za serikali. Mwaka 1973 TANU iliamua makao makuu yahamie hapa, na mwaka huohuo ikaundwa Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, ile tuliyoizoea kwa jina la CDA. Mpango kabambe wa kwanza ulikamilika mwaka 1976, ukiwa umeandaliwa na kampuni ya Project Planning Associates ya Toronto, Kanada. Kilichoupa mpango ule sura yake ni kwamba haukutaka makao makuu ya majengo ya kutisha. Ulitaka mji unaofuata fikra za ujamaa: watu watembee kwa miguu na kupanda mabasi, makazi yatenganishwe na maeneo ya kijani, vilima vipandwe miti. Katika michoro ile bustani haikuwa pambo la kuongezwa mwishoni. Makazi yalipangwa kuizunguka.

Fedha ndizo zilizokwama. Bei ya mafuta ilipanda, ikaja Vita ya Kagera ya 1978 na 1979, kisha uchumi wa miaka ya 1980 ukayumba vibaya. Wizara nyingi zikabaki Dar es Salaam, na sehemu kubwa ya ule mji wa kijani ikaishia kwenye karatasi. Nadhani ucheleweshaji huo uliyasaidia baadhi ya maeneo ya wazi, kwa kuwa hakuna aliyeyagombania.

Sasa yanagombaniwa. Julai 2016 Rais John Magufuli alitangaza kwamba Serikali inahamia Dodoma kweli, na Aprili 2018 Dodoma ikapandishwa hadhi kuwa jiji. Sensa ya 2012 ilihesabu watu 410,956 katika manispaa. Ile ya 2022 ikahesabu 765,179. Katikati ya mabadiliko hayo, Mei 2017, CDA ilivunjwa na majukumu yake yakahamia halmashauri. Wananchi wengi walifurahi, na walikuwa na sababu: malalamiko ya viwanja yalikuwa yamerundikana, na hati za CDA zilikuwa za miaka 33 tu. Lakini tangu hapo chombo kinachotakiwa kulinda maeneo ya wazi ndicho hichohicho kinachobanwa kila mwaka kiongeze mapato ya ndani. Kwa Sheria ya Mipango Miji ya 2007 halmashauri ya jiji ndiyo mamlaka ya upangaji. Simlaumu mtu, nasema muundo wenyewe unaisukuma halmashauri kuitazama bustani kama chanzo cha mapato.

Wanaotaka kiingilio huanza na maji, na hapo ndipo hoja yao ina nguvu kuliko kwingine. Dodoma hupata mvua ya msimu mmoja, Desemba hadi Aprili, na kwa wastani haifiki milimita 600 kwa mwaka. Maji ya mji kwa sehemu kubwa yanatoka visima vya Mzakwe, katika bonde la Makutupora. Mama anayesubiri mgao wa maji mtaani kwake ana haki ya kuuliza kwa nini nyasi za mjini zinamwagiliwa. Kisha kuna mlinzi, taa, vyoo na usafi, na vyote vinataka pesa kila mwezi. Bustani isiyo na bajeti huchakaa, na ikishachakaa ndipo hutokea mtu wa kusema bora pajengwe.

Nakubali gharama hizo zipo. Nisichokubali ni kwamba lazima zilipwe mlangoni. Kinachokunywa maji mengi ni nyasi na maua ya kupendezesha macho, ilhali anayetembea katika jua la Oktoba hapa Dodoma anatafuta kivuli. Mwarobaini, mkwaju na mgunga vikishashika mizizi vinavumilia kiangazi bila bomba la kila siku. Tukipanda kivuli kwanza na kupunguza nyasi, sehemu kubwa ya hoja ya maji inapungua.

Kuhusu uzio, Kanda ya Kati inaujua vizuri uwezo wa kufunga eneo. Mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, HADO, ulioanza mwaka 1973, uliondoa mifugo katika eneo lililoharibika la Kondoa mwaka 1979, na uoto ukarudi kwenye makorongo. Lakini wafugaji ndio waliobeba mzigo, kwa kuhamisha ng'ombe au kuwapoteza. Mjini nako kiingilio kitahifadhi nyasi, na watakaobaki nje ni bodaboda, mwanafunzi, machinga na yule mgeni wa Mpwapwa.

Kuna na jambo la nani atasimama siku bustani ikitishiwa. Mwaka 1989 Wangari Maathai alipopinga jengo la ghorofa 60 ndani ya Uhuru Park, Nairobi, alikuwa akitetea mahali ambapo watu wa kawaida walipumzika bila kulipa, na mradi ule ukaachwa. Sidhani mtu aliyefungiwa geti miaka kumi atahangaika kuitetea bustani ileile.

Kwa hiyo vibanda vya chai na vya picha vikodishwe pembezoni, na maonesho yalipiwe kwa siku. Mapato hayo yawekwe kwenye kifungu chake cha bajeti, yasimezwe na mfuko mkuu, na madiwani wasomewe hesabu zake hadharani kila robo mwaka. Pendekezo lolote la kubadili matumizi ya kipande chochote cha eneo hilo libandikwe palepale kwa Kiswahili, lisomwe na wanaopatumia, kabla halijafika kwenye kikao.