Kanzu Yangu Ilikwenda Misri Bila Mimi

Nilichaguliwa kuwa mshenga wa mpwa wangu kwa sababu mbili: nina mdomo, na nina kanzu nzuri. Asubuhi ya kupeleka mahari nikabaki na mdomo tu.

Binti ni wa Jinja, Uganda. Sisi tulitoka Mwanza kwa kosta, tukazunguka ziwa kupitia Bukoba, tukavuka Mto Kagera pale Kyaka, tukaingia Mutukula, na saa nane za usiku tukawa Jinja, miguu imevimba kama mihogo iliyolowekwa. Ukweni tulitakiwa saa nne asubuhi. Watu wenye akili wangelala. Mpwa wangu akasema, "Mjomba, chanzo cha Nile kiko hapa hapa. Tukapige picha mara moja."

Mara moja! Neno hili limeshaponza wengi.

Saa kumi na mbili na nusu tulikuwa kwenye boti. Mimi nilivaa kaptula na fulana; kanzu, koti na kofia nilivitia kwenye mfuko wa rambo niliounyakua Kampala kwa furaha, maana kwetu mifuko hiyo ilipigwa marufuku mwaka 2019 na nilikuwa nimeikumbuka. Nikaufunga fundo, hewa ikabaki ndani, ukatuna kama bata. Nikauweka mbele kabisa ya boti.

Nahodha alikuwa mzee wa rika langu, Kiswahili chake cha Kiganda-ganda lakini kinatosha. Akatuonyesha ng'ambo alikosimama Speke, yule mpelelezi Mwingereza, tarehe 28 Julai 1862 akiyatazama maporomoko. Nikamuuliza maporomoko yenyewe yako wapi. Akasema yako chini yetu: bwawa la umeme lilipojengwa kule mbele, mwaka 1954, maji yalipanda yakayafunika. Tukashuka kwenye kisiwa kidogo chenye kibanda cha vinyago, tukapiga picha, tukabishania bei ya kinyago ambacho hakuna aliyekitaka. Kurudi kwenye boti, mfuko haupo.

Sasa nieleze kosa langu taratibu, maana nimechekwa na watu wasiojua lilivyo na mizizi. Mimi ni mwalimu mstaafu wa Hisabati. Mwaka mmoja mwenzangu wa Jiografia alikwenda likizo ya uzazi, nikashika vipindi vyake. Niliwachorea watoto ubaoni: Misri juu, ziwa letu chini, katikati mstari wa Nile. Niliwaandikisha kwamba mto huu hutoka Ziwa Victoria na kumwaga maji Bahari ya Mediterania. Hilo nalijua hata usingizini. Lakini mkono uliochora ule mstari uliuanzia juu ukateremka nao, kila darasa, kila siku. Na maji hushuka, hilo halihitaji mwalimu. Basi kichwani mwangu zikaishi Nile mbili kwa amani miaka thelathini: ya mtihani, inayokwenda Misri, na ya mkono, inayotoka Misri. Asubuhi ile, mbele ya wazee wawili wa ukoo, iliyojibu ni ya mkono.

"Geuza boti," nikasema. "Mfuko umeteremkia ziwani."

Nahodha akanitazama. "Ssebo, maji inaenda huko," akasema, akielekeza kidole upande wa pili.

Nikamwonyesha viwimbi. Ni kweli vilikuwa vinakimbilia ziwani. Upepo wa alfajiri hutoka nchi kavu ukaelekea majini, nami nilikulia Mwanza, jambo hilo nilipaswa kulijua kabla ya kujua kusoma. "Angalia mwenyewe," nikamwambia. "Tena kule ni kaskazini. Maji yatapandaje kwenda kaskazini?"

Wazee wangu wakatikisa vichwa kukubaliana nami. Hao nao nitawakumbuka.

Nahodha akanitazama mimi, akalitazama tangi la petroli nililokwisha kulilipia, akanyamaza. Tukaingia ziwani. Nusu saa nzima nimesimama na kaptula, nimekinga jua kwa mkono kama baharia, nikipiga kelele kila nikiona kitu cheusi. Tuliwafukuza mnandi wawili, gogo moja, na kandambili ambayo mpwa wangu aliapa kwamba ni kofia yangu.

Saa tatu kasoro nahodha akazima injini mwenyewe. "Mwalimu," akasema, kwa upole wa mtu anayeongea na mgonjwa, "hapa ziwani tuko juu. Mita elfu moja mia moja na zaidi. Misri iko chini, baharini. Maji inatoka hapa, inapita Kyoga, inaanguka Kabalega, inaingia Albert, inaenda Sudani. Gandhi akifa, majivu yake kidogo ilimwagwa hapa, 1948. Ile majivu haikuuliza njia."

Hapo Nile mbili zikagongana kichwani, moja ikafa. Nikamkumbuka hata Mmisri, ambaye kusini mwa nchi yake anakuita Misri ya Juu, nami niliwahi kuwasahihishia watoto kwa kalamu nyekundu walipoandika hivyo. Na Kagera! Ule mto niliouvuka jana yake nikila mahindi ya kuchoma hukwea kaskazini mpakani mwa Rwanda na Tanzania kabla ya kukata kona kuja ziwani. Ulinipita chini ya makalio ukijaribu kunionya.

Tukageuza. Mfuko tuliukuta upande uleule wa kidole cha nahodha, umenaswa kwenye magugu maji, na mvuvi mmoja kijana ameshaufungua. Kofia alikuwa ameivaa. Kwa shilingi elfu ishirini za Uganda akaivua. Kanzu ilikuwa na rangi ya chai ya maziwa kuanzia magotini, na haikuwepo nafasi ya kuikausha.

Tulifika ukweni saa tano na robo, mimi natangulia, nachuruzika. Habari zilikuwa zimeshafika. Jinja si mji mkubwa, na nahodha alikuwa na simu. Msemaji wa upande wa binti, mzee aliyevaa kanzu kavu nyeupe pe, alinyanyua mkono kabla sijasalimia. Faini ya kuchelewa, akasema, ni kreti mbili za soda. Na kabla mgeni hajakaa, atuonyeshe Misri iko wapi.

Turubai zima likanyamaza. Nilikuwa nimezungushwa sana asubuhi ile, na uani kwao sikuona jua wala ziwa. Nikanyoosha mkono kwa heshima zote.

Zikawa kreti nne.

Mke tulimpata, tunamshukuru Mungu. Siku ya kurudi, kosta ilisimama Kyaka abiria wachimbe dawa. Nilikuwa nimeegemea ukingo wa daraja, natazama chini, mpwa wangu akaja akasimama ubavuni, na mkewe nyuma yake.

"Mjomba," akasema, "hivi haya maji yanakwenda wapi?"

Niliinama nikaanza kufunga kamba za viatu. Nilikuwa nimevaa ndala.