Upanga Ulioteleza Gizani

Nimesoma The Children of Húrin cha J.R.R. Tolkien mara tatu, na mara zote nimekiweka chini kwanza nilipofika pale pale. Túrin, shujaa wa riwaya, ametekwa, yuko hoi, kalala fofofo na pingu zake. Beleg, rafiki aliyemsaka porini bila kuchoka, amemtoa kambini usiku na sasa anamkata minyororo. Upanga unateleza, unamchoma mguuni. Túrin anazinduka, gizani anaona mtu kamsimamia na chuma mkononi. Atakuwa nani kama si mtesaji? Anamnyang'anya upanga, anamuua. Ndipo umeme unapopiga, akauona uso.

Hapo hakuna msaliti. Fumo Liyongo aliuawa na mwanawe wa kumzaa, lakini angalau tunaye wa kumlaumu: kijana alirubuniwa kwa ahadi. Hapa utamlaumu nani? Aliyekufa alikuja kuokoa, aliyeua alidhani anajitetea.

Utaniambia kuna laana. Ni kweli, Morgoth, bwana wa uovu aliyeilaani familia hii, amemkalisha Húrin, babake Túrin, kitini juu mlimani, atazame wanawe wakiangamia. Ila soma taratibu uone jinsi laana yenyewe inavyofanya kazi kidogo. Túrin anapelekewa habari kwamba mfalme aliyemlea amemsamehe. Kiburi hakimruhusu kurudi. Anaonywa abomoe daraja la Nargothrond, ngome anayoilinda. Anaona ni woga, na joka Glaurung linavuka kwa daraja hilo hilo. Jiweke mahali pake na utakuta kila uamuzi una sababu, tena pengine ungeamua vivyo hivyo. Kila mahali anajipa jina jipya, la mwisho likiwa Turambar, mtawala wa majaliwa. Mgonjwa anabadilisha shuka, homa i mwilini.

Ndiyo maana sikubaliani na wanaosema riwaya za giza hukatisha tamaa. Mimi zinazonichosha ni zile ambazo shujaa anapona kwa sababu tu ni shujaa. Túrin ni jasiri kwelikweli, joka analiua kwa mkono wake, na ushindi huo ndio unaofungua mlango wa msiba mkubwa kuliko yote. (Kurasa za mwanzo zimejaa koo na majina. Vumilia, au ruka.)

Tolkien alianza kuiandika hadithi hii karibu na mwisho wa Vita Kuu ya Kwanza, akichota kwa Kullervo wa Kalevala, utenzi wa Wafini. Alikufa 1973 hajaikamilisha; mwanawe Christopher akaunganisha maandishi na kuyatoa kama kitabu kimoja 2007.

Mwishoni Húrin, ameachiwa huru, anamkuta mkewe kaburini kwa watoto wao. Mama anamwomba amwambie jambo moja tu: binti alimpataje kaka yake? Húrin aliyaona yote kutoka kwenye kile kiti. Hajibu. Wanakaa wawili hao mpaka jua linazama.