Ida Lupino na dirisha lililofungwa

Kuna dirisha moja ambalo limenikaa kichwani tangu nilipoitazama Outrage kwa mara ya kwanza. Ni usiku. Msichana anayeitwa Ann amechelewa kutoka kazini, na mwanaume anayemfuata ni yuleyule muuza vitafunwa aliyezoea kumsemesha kibandani kwake. Kwa dakika kadhaa hakuna anayezungumza. Tunasikia viatu vya Ann kwenye sakafu ya mawe, tunamwona akipita kati ya maghala na malori, akijificha, akikimbia tena. Honi ya lori inalia bila kukoma. Anapoanguka, kamera haibaki pale chini. Inapanda taratibu mpaka ghorofani, kwa mtu aliyesikia kelele zile. Mtu yule anachungulia, kisha anafunga dirisha.

Filamu hiyo ilitoka 1950. Inahusu ubakaji mwanzo hadi mwisho, lakini neno lenyewe halitamkwi hata mara moja, kwa sababu kanuni za maadili zilizokuwa zikitawala Hollywood wakati ule zisingeliruhusu. Aliyeiongoza ni Ida Lupino, mwigizaji mwenye jina kubwa, aliyekuwa na umri wa miaka 32. Kampuni iliyoitengeneza aliianzisha yeye na mumewe wa wakati huo, Collier Young, nje ya studio kubwa.

Juu ya mwanamke huyu watu wamegawanyika. Wapo wanaomhesabu kama mwasisi, aliyeonyesha kwamba mwigizaji wa kike anaweza kuchukua kamera mikononi mwake na kusema yale ambayo studio ziliyakwepa. Wengine wanamwona mwoga aliyefungua milango mizito kisha akairudisha taratibu kabla hadithi haijaisha. Nimezitazama filamu zake kwa miaka mingi, baadhi zaidi ya mara moja, na naona pande zote mbili zina jambo la kweli. Ila naamini wengi wetu tunampima mahali pasipostahili.

Lupino alizaliwa London mwaka 1918 katika ukoo wa wachekeshaji na waigizaji wa jukwaani. Alifika Hollywood akiwa binti mdogo, na kufikia miaka ya 1940 alikuwa nyota wa studio ya Warner Bros. Alicheza na Humphrey Bogart katika High Sierra ya 1941, na The Hard Way ikampatia tuzo ya wahakiki wa New York. Lakini mwenyewe alijiita Bette Davis wa maskini, maana alihisi anapewa zile nafasi ambazo Davis, nyota mkubwa kuliko yeye, amezikataa. Naye akaanza kukataa. Studio za enzi hizo zilikuwa na dawa ya mwigizaji mkaidi: kumsimamisha bila mshahara. Lupino alisimamishwa, na badala ya kukaa nyumbani akawa anazunguka kwenye seti za wengine akiangalia wapiga picha wanavyopanga taa na wahariri wanavyokata. Adhabu ikageuka shule.

Uongozaji wenyewe ulimjia kwa ajali. Mwaka 1949 alikuwa mtayarishaji na mwandishi mwenza wa Not Wanted, kisa cha msichana anayepata mimba bila kuolewa, anamtoa mtoto alelewe na wengine, kisha siku moja barabarani anamchukua mtoto wa mtu kutoka kwenye kigari. Mwongozaji aliyeajiriwa, Elmer Clifton, alipatwa na ugonjwa wa moyo mwanzoni kabisa mwa kazi. Pesa za kutafuta mwingine hazikuwepo. Lupino akaiongoza filamu mpaka ikaisha, na jina la Clifton likabaki pale juu kama lilivyokuwa. Yake ya kwanza kubeba jina lake kama mwongozaji ni Never Fear, kuhusu mcheza dansi anayepatwa na polio. Alikuwa anaujua ugonjwa huo, maana ulimpata yeye mwenyewe 1934. Akapeleka kamera kwenye kituo halisi cha matibabu huko Santa Monica, na wagonjwa halisi wakacheza dansi mbele yake wakiwa kwenye viti vya magurudumu.

Kampuni ya Lupino na Young iliitwa The Filmakers, jina waliloliandika kwa m moja. Bajeti zao zilikuwa ndogo mno kwa viwango vya Hollywood, kwa hiyo walipiga picha mitaani, wakatumia waigizaji ambao hakuna aliyewajua, na wakaandika habari za watu wa kawaida: karani, mhudumu wa mgahawa, fundi. Wakati huo katika chama cha waongozaji wa Marekani Lupino alikuwa mwanamke wa pili kuingia, baada ya Dorothy Arzner, ambaye tayari alikuwa ameacha kutengeneza filamu. Kwa maana hiyo, kwa miaka kadhaa, ndani ya mfumo ule wa Hollywood, alikuwa peke yake.

Sasa tusikilize mashtaka, tena tuyasikilize vizuri, kwa sababu si mepesi. Mwaka 1974 mhakiki Molly Haskell, katika kitabu chake kuhusu wanawake kwenye sinema, alisema filamu alizoongoza Lupino ni za kawaida na hata zinawadunisha wanawake. Nani hajui alikuwa anaona nini? Ann wa Outrage anakimbia mji wao, anaangukia kwenye mashamba ya machungwa ya California, na anayemwokoa ni mchungaji kijana, mpole, mwenye kauli nzuri. Mchungaji huyo ndiye anayemwelewa, ndiye anayemtetea mbele ya sheria, na mwishoni ndiye anayemwambia arudi nyumbani kwa mchumba wake. Katika Hard, Fast and Beautiful ya 1951, binti bingwa wa tenisi anaachana na mchezo ili aolewe, na mama yake aliyemsukuma kwa tamaa zake anaachwa peke yake kwenye viti vitupu vya uwanja, upepo ukipeperusha makaratasi. Mwenye tamaa ya makuu anaadhibiwa, mtiifu anapata mume.

Halafu kuna lile la "Mama". Kwenye seti Lupino hakutoa amri. Alikuwa akiwaambia wanaume wa kamera na taa kwamba Mama ana tatizo, Mama angependa tujaribu hivi. Kiti chake cha mwongozaji kiliandikwa kwa Kiingereza maneno yenye maana ya "Mama Yetu Sote". Mwaka 1967 aliliandikia jarida la chama cha waongozaji makala akieleza mtindo huo bila kuuonea aibu. Kwa mwanamke wa kizazi cha Haskell, aliyekuwa anapigania aheshimiwe kazini kama mtaalamu bila kwanza kuwa mama wa mtu, maneno yale lazima yaliuma. Na mimi nakiri yananisumbua. Mwanaume mwongozaji hakuhitaji kuwa baba wa yeyote ili taa isogezwe.

Upande wa utetezi kwa kawaida huanza na kanuni za maadili. Muswada wa filamu ulipitia ofisi ya Joseph Breen, msimamizi wa kanuni hizo, kabla kamera haijawashwa, na ofisi hiyo ilikuwa na mamlaka ya kuamua kosa litaadhibiwaje na mwanamke "aliyepotoka" atarejea vipi kwenye mstari. Ni hoja ya kweli, lakini naiona inatumika kupita kiasi. Kanuni zile zilidai muhalifu asishinde, hazikudai mchungaji. Mchungaji aliwekwa na waandishi, na Lupino alikuwa mmoja wao. Tusimvue wajibu wake ndipo tumpende.

Utetezi wenye nguvu zaidi uko ndani ya picha zenyewe, katikati ya filamu, kabla mwisho haujafika. Rudi kwenye Outrage. Ann amerudi kazini baada ya tukio. Hakuna anayemtukana. Ofisini wenzake wanajitahidi kuwa wa kawaida, ila macho yanamfuata. Mwenzake mmoja anagonga mhuri kwenye karatasi, moja baada ya nyingine, kama alivyofanya kila siku. Mlio wa mhuri unazidi kukua. Mhuri, mhuri, mhuri, hadi tunausikia kwa masikio ya Ann, na tunaelewa kwamba mji mzima umegeuka kuwa kitu kinachomgonga. Sijaona filamu nyingine ya Marekani ya miaka ile iliyokaa na mwathirika namna hii, ikaacha kumshughulikia mbakaji na kushughulika na maisha ya mtu aliyebaki. Na lile dirisha? Halikuwa la mhalifu. Lilikuwa la jirani. Hayo ni mashtaka dhidi ya mtaa mzima, na hakuna mchungaji wa dakika za mwisho anayeweza kuyafuta.

Hata ile miisho, ukiitazama vizuri, haijanyooka kama inavyosimuliwa. Not Wanted inaisha kwa mbio ndefu mitaani: msichana anakimbia, na kijana anayempenda, aliyepoteza mguu, anamfukuza kwa mguu wa bandia. Anashindwa, anaanguka chini. Msichana ndiye anayegeuka na kumrudia. Kimuhtasari unaweza kusema "amempata mwanaume". Kwenye skrini ulichokiona ni mwanaume ameanguka, na mwanamke ameamua.

Wanaume wa filamu zake, kwa kweli, ndio sehemu ya kazi yake ambayo haijazungumzwa vya kutosha. The Hitch-Hiker ya 1953 haina mwanamke mwenye nafasi yoyote ya maana. Marafiki wawili wametoka kwenda kuvua samaki, wanampa mtu lifti, na mtu yule anawageuzia bastola na kuwaendesha jangwani kuelekea Mexico. Kisa kilitokana na muuaji halisi, Billy Cook, aliyeua watu sita. Muuaji wa kwenye filamu ana jicho moja lisilofumba, kwa hiyo usiku mateka wanalala wakimtazama bila kujua kama amelala au yuko macho. Lupino alichukua aina ya filamu inayojulikana kwa ubabe na kuijaza wanaume wanaoogopa, wanaolia, wanaotegemeana. Wamexico nao wanazungumza Kihispania chao bila tafsiri chini ya skrini, na polisi wao wanajua kazi. Mwaka 1998 filamu hiyo iliingizwa kwenye hazina ya taifa ya filamu inayosimamiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani, na Outrage ikafuata 2020.

Ndiyo maana nasema tunampima mahali pasipostahili. Tunauliza alikuwa huru kiasi gani kumalizia hadithi, wakati uhuru wake ulifungwa kwingine kabisa, kwenye pesa na usambazaji. Aliyewahi kumpelekea msambazaji filamu yake anajua nazungumzia nini. Mwaka 1950 The Filmakers waliingia mkataba na RKO, studio iliyokuwa mikononi mwa tajiri Howard Hughes. RKO ilitoa mtaji na kusambaza, kisha ikachukua nusu ya faida, na Hughes akawa na sauti kwenye majina na matangazo. Kampuni iliyozaliwa ili ikae nje ya studio ikawa inapumulia pua ya studio. Walipochoka, wakaamua kusambaza wenyewe. Lupino alipinga. Kwa maoni yake wao walikuwa watengenezaji wa filamu na usambazaji hawakuujua. Alizidiwa kura ndani ya kampuni yake mwenyewe, na kufikia 1955 kampuni ilikuwa imekufa.

Baada ya hapo aliongoza vipindi vya televisheni kwa makumi: vya kimagharibi, vya kutisha, vya uhalifu, hata vichekesho. Kwenye mfululizo wa awali wa The Twilight Zone ndiye mwanamke pekee aliyeongoza kipindi. Filamu moja tu ya sinema ilimfikia tena, The Trouble with Angels ya 1966, na hiyo ilikuwa ya studio. Wapo wanaoyaita maisha hayo ushindi, kwa sababu alifanya kazi mfululizo pale ambapo wanawake wengine hawakuingia kabisa. Mimi nasikitika. Alikuwa na miaka 35 alipomaliza filamu yake ya mwisho ya kampuni yao, umri ambao waongozaji wengi ndio kwanza wanaanza kujua wanachotaka kusema.

Filamu hiyo ni The Bigamist, ya 1953, kisa cha mwanaume aliyeoa wake wawili kwa siri, iliyosambazwa na wao wenyewe. Collier Young, ambaye sasa walikuwa wameachana, aliandika na kutayarisha. Mke wake mpya, Joan Fontaine, akacheza mke wa kwanza. Lupino akaongoza na akacheza mke wa pili, mhudumu wa mgahawa wa Kichina mjini Los Angeles. Kwa msomaji wa kwetu, ambako ndoa ya wake wengi inatambulika kisheria, kosa la bwana yule litaonekana zaidi kuwa siri kuliko idadi. Lupino naye analiona karibu hivyo. Hamfanyi mwanaume shetani wala hawagombanishi wanawake. Mahakamani hakimu anasema kwamba mtu huyu atakapomaliza adhabu, swali halitakuwa atamrudia mwanamke yupi, bali ni yupi atakayekubali kumpokea. Kisha kikao kinaahirishwa, adhabu haijatamkwa, na mume anabaki na macho ya wake zake wawili. Mmoja wao ni mwongozaji wa filamu, na hajatuambia ataamua nini.