Ganda Zuri Halitoshi: Mkileta Chombo, Leteni na Namba Zake

Nimekasirika, na sitaki kuzunguka mbuyu. Juzi nilipakua mtandaoni chombo cha anga cha mizigo, kimoja ya vile ambavyo wachezaji huvitengeneza wenyewe na kuviingiza kwenye gemu za anga, ambacho watu wamekisifia mpaka basi. Kwa macho, sifa zote kinastahili. Misumari ya ubavuni inaonekana mmoja mmoja, rangi imechujuka palepale ambapo ingechujuka, pembezoni mwa milango na kwenye midomo ya injini, na dirishani kwa rubani kuna mwanga hafifu wa vipimo. Aliyekichora ana kipaji, sibishani. Nikakiweka kwenye Orbiter, gemu ya kurusha vyombo vya anga kwa sheria za kweli za fizikia, nikakipeleka kwenye obiti, nikagusa kitufe cha kuinua pua. Chombo cha mita 60 kikapinduka chote kabla sijaachia kidole.

Nikafungua faili ya maelezo yake. Uzito wa chombo kitupu: kilo 11,000. Wanaorusha Orbiter mmeshaitambua namba hiyo. Ni ya Delta-glider, kile chombo kidogo kinachokuja na gemu yenyewe. Imenakiliwa ilivyo, na namba za mzunguko, zinazoamua chombo kinageuka kwa urahisi gani, zimenakiliwa nayo, na hata sehemu za magurudumu ya kutua hazikuguswa, ndiyo maana kwenye uwanja chombo kinazama nusu ndani ya lami.

Hebu tupige hesabu, maana ni fupi. Tuseme chombo ni boksi lenye urefu wa mita 60, upana wa 10 na kimo cha 10. Ujazo wake ni mita za ujazo 6,000. Gawanya kilo 11,000 humo, unapata kilo 1.8 kwa kila mita ya ujazo. Hewa ya usawa wa bahari ina kilo 1.2 hivi. Yaani chombo kizima, pamoja na injini, matangi, milango na mitambo ya kunyanyulia mizigo, ni mara moja na nusu tu ya uzito wa hewa ambayo kingeweza kuibeba ndani yake. Soyuz, chombo cha Urusi cha kubebea wanaanga, ina urefu wa mita 7 hivi na uzito wa tani 7 hivi. Shuttle ya Marekani ilikuwa na urefu wa mita 37, na ikiwa tupu ilikuwa na tani karibu 80. Hakuna anayedai namba kamili kwa chombo cha kubuni, lakini mifano ya kweli ipo ya kukadiria, na iko wazi kwa kila mtu.

Ninachoshikilia ni hiki: ukileta chombo chako ndani ya gemu ya anga, umbo ni sehemu ndogo. Chombo chenyewe ni uzito wake, namna uzito huo ulivyotawanyika, nguvu ya injini zake na mahali zinaposukumia. Ukiacha hivyo na kuleta picha, umeleta ganda. Na mtu aliyekaa usiku kucha akijifunza kuunganisha chombo na kituo, akipunguza mwendo sentimita kwa sentimita, anastahili kitu kinachotii sheria zilezile alizojifunza.

Niingie kwenye namba za mzunguko, maana hapa ndipo watu wengi wanaporuka. Kila chombo kina ukaidi wake wa kugeuzwa, na ukaidi huo unategemea uzito umekaa mbali kiasi gani na mhimili. Orbiter inataka namba tatu, moja kwa kila mhimili, zikiwa zimeshagawanywa kwa uzito. Kinachobaki ni mita za mraba, yaani umbo tu. Kwa boksi lililojaa sawasawa, unachukua vipimo viwili vilivyo wima na mhimili, unazidisha kila kimoja kwa chenyewe, unajumlisha, unagawanya kwa 12. Boksi letu la mita 60: kuinua pua ni 60 mara 60, jumlisha 10 mara 10, gawanya kwa 12, unapata 308. Kubingirika kwa ubavu ni 100 jumlisha 100, gawanya kwa 12, unapata karibu 17. Tofauti ya mara 18! Ndiyo maana chombo kirefu kinabingirika kwa urahisi lakini kuinua pua yake ni kazi ya subira, na kuisimamisha ikishaanza kwenda ni kazi kubwa zaidi. Subira hiyo ndiyo inayokufanya uhisi umeshika kitu kikubwa. Rangi iliyochujuka haiwezi kukupa hisia hiyo hata ukiichora kwa mwaka mzima.

Na kama hesabu ya boksi haikuridhishi, vifaa vya watengenezaji vinavyokuja na Orbiter vina programu ndogo iitwayo shipedit. Unaipa umbo lako, inakutolea ujazo, eneo la kila upande na hizo namba tatu. Inataka tu umbo liwe limefungwa, lisiwe na matundu. Martin Schweiger, aliyeitengeneza Orbiter, alianza kuwapa watu gemu hiyo bure mwaka 2000, na vifaa hivyo amevitoa bure pia. Sioni kisingizio.

Najua mtaniambia Delta-glider yenyewe ni ndoto. Ni kweli. Injini zake zinatoa moshi kwa mwendo wa mita 40,000 kwa sekunde, wakati injini bora za haidrojeni na oksijeni zinaishia karibu na 4,500. Chombo kinachobeba mafuta yenye uzito sawa na wake mtupu kingeweza kubadili mwendo wake kwa kilomita 27 na ushei kwa sekunde kwa injini za ndoto, na kilomita 3.1 tu kwa injini za kweli, ambazo ni kama kiasi cha kutoka obiti ya chini ya Dunia kuelekea Mwezini, na ukifika huko huna mafuta ya kusimama. Tofauti ni kwamba kitabu cha maelekezo cha Orbiter kinaiandika namba hiyo waziwazi na kukwambia kwamba hicho ni chombo cha kubuni. Buni unachotaka. Andika umebuni nini. Injini yako ni ya muunganiko wa nyuklia? Sawa kabisa, nipe mwendo wa moshi wake nipange safari yangu.

Wapo pia wanaotaka picha tu za kupamba skrini. Haya, nawakubalia. Lakini waseme hivyo kwenye maelezo, mtu asiyetaka picha asipoteze jioni yake.

Kwenye Kerbal Space Program, gemu nyingine ya kuunda na kurusha roketi, ugonjwa ni uleule, ila umehamia kwingine. Huko gemu inakokotoa migongano, na umbo linaloonekana silo linalogongwa. Unatakiwa kuliwekea umbo la pili lisiloonekana, na gemu inataka umbo hilo liwe limebinuka nje kila upande, lisilo na shimo wala bonde, tena lisizidi pembetatu 255, yaani vile vipande bapa vinavyounda kila umbo la kwenye kompyuta. Sasa fikiria sehemu ya kubebea mizigo, yenye milango mikubwa inayofunguka juu. Mtu anachukua umbo zima, anabofya mara moja, gemu inalifunika lote kwa gamba lililobinuka. Milango inafunguka vizuri, ndani unaona sakafu, mbavu, taa. Lakini kwa hesabu za gemu pale ndani pamejaa kitu kigumu. Unaingiza setilaiti polepole, inagonga hewa. Ukiifungia humo tangu kiwandani, siku ya kuiachia inarushwa nje kwa kishindo na paneli zake za jua zinavunjika. Dawa yake haihitaji elimu kubwa: gawanya gamba. Sakafu iwe kipande kimoja, kila ukuta kipande, kila mlango kipande chake kinachosogea nao. Ni kazi ya jioni moja, na bila hiyo, lile ghala la mizigo ni mchoro wa ukutani.

Kuna na wanaohamisha chombo kutoka gemu moja hadi nyingine bila kuangalia vipimo. Orbiter inahesabu uzito kwa kilo, Kerbal kwa tani. Ukibeba 11,000 yako ukaibandika ilivyo, umetengeneza chombo cha tani 11,000, na hakitanyanyuka hata kwa maombi. Isitoshe, Kerbin, sayari ya nyumbani ya Kerbal, ina nusu kipenyo cha kilomita 600, wakati ya Dunia ni kilomita 6,371, kwa hiyo hata chombo chenye namba za kweli kikifika huko kinakuwa na nguvu kupita kiasi. Hapo naelewa mtengenezaji akipunguza. Apunguze, ila aandike kwa kiasi gani.

Kuhusu umbo kulala chali baada ya kuingizwa: Blender, programu ya kuchorea maumbo, inahesabu mhimili wa Z kuwa juu, Orbiter na Unity, injini ya gemu iliyojenga Kerbal, zinahesabu Y, tena mihimili yake imegeuzwa kama kwenye kioo. Jina la chombo ubavuni likisomeka kinyumenyume, ndiyo hiyo. Linarekebishika kwa dakika.

Pembetatu milioni mbili kwa chombo kimoja? Hapana. Kile kilichochorwa kwa ajili ya mashine ya kuchapa maumbo (3D) kipunguzwe pembetatu kwanza.

Jambo la mwisho, na hili linaniuma kuliko hata lile la uzito. Watengenezaji wengi wa zamani wa Orbiter walifungia namba zote za vyombo vyao ndani ya faili za programu zilizokwisha kugeuzwa kuwa lugha ya mashine, zisizosomeka, kisha wakaondoka. Wengine walipata kazi, wengine walichoka, wengine hatujui waliko. Gemu ikaja na toleo jipya, vyombo vyao vikakataa kuamka, na ruhusa waliyoiacha inasema usiguse chochote bila idhini ya mwenyewe. Kazi nzuri mno imelala kwenye folda, na walio tayari kuifufua wapo, wamefungwa mikono. Vyombo vilivyoelezwa kwa faili ya maandishi matupu havikufa hivyo. Mtu alifungua, akaona namba mbili zimepitwa na wakati, akazibadilisha, chombo kikaruka tena. Schweiger mwenyewe mwaka 2021 alifungua msimbo wote wa Orbiter kwa leseni ya MIT, inayomruhusu yeyote kuutumia na kuurekebisha. Kama mwenye gemu nzima ameweza, sisi tunaoleta chombo kimoja kimoja tunaficha nini?

Kwa hiyo nikipakua chombo siku hizi, kabla ya kukirusha nafungua folda kwanza. Natafuta faili ya maandishi yenye uzito, zile namba tatu za mzunguko, msukumo na mwendo wa moshi wa injini. Natafuta ruhusa inayosema mwingine anaweza kurekebisha. Visipokuwepo nafuta, hata kama misumari yake inang'aa. Na vikiwepo, hata chombo kikiwa ni mapipa matatu ya kijivu yaliyounganishwa, nakirusha, naandika maoni yangu, na nikiona namba haijakaa sawa namtumia mwenyewe hesabu yangu pamoja na faili iliyosahihishwa. Ya kile chombo cha mita 60 nimeshamtumia mwenye kazi yake: tani 900 kikiwa kitupu, na namba tatu zilizotoka kwenye umbo lake mwenyewe.