Hakuna aliyeufuta mwili
Nimesoma makala moja kuhusu ulemavu. Mwandishi wake anasema wasomi wanaochunguza ulemavu wanadai kwamba ulemavu hauko mwilini bali kwenye jamii, na kwa hiyo matibabu ni kupoteza muda. Sehemu ya kwanza sawa. Ya pili kaibandika mwenyewe. Mwaka 1976 wanaharakati wenye ulemavu wa Uingereza, kundi la UPIAS, walitenganisha mambo mawili: hitilafu ya mwili, na vikwazo ambavyo jamii humwongezea mwenye hitilafu hiyo. Hilo la pili ndilo waliloliita ulemavu. Baadaye Mike Oliver, msomi wa Uingereza mwenye ulemavu, akaupa mtazamo huo jina, mtazamo wa kijamii. Nani alisema tusimeze dawa? Natembea kwa magongo tangu utotoni, na ngazi zimeninyima mengi kuliko miguu yangu, lakini maumivu ya nyonga usiku wa manane hayaondolewi na lifti. Hata hilo wasomi walishaliona: Jenny Morris, naye mwenye ulemavu, alilalamika mwaka 1991 kwamba habari za mwili na maumivu zilikuwa zinafunikwa. Ubishi huo umo ndani ya taaluma yenyewe, mwandishi angeukuta kama angesoma zaidi ya utangulizi. Halafu (najua natoka nje ya mada) makala nzima ni "walemavu", na mahali pamoja "vilema". Viziwi ninaowafahamu wanataka kuitwa viziwi, bila kuzungushwa. Mimi "mlemavu" linanikwaza. Wenzangu mnaotumia viti vya magurudumu, fimbo nyeupe au lugha ya alama, ninyi mnapenda kuitwaje?